Nyumba za Uongo na Sufuria ya Matanga

Wiki jana nilirudisha ufunguo wa stoo ya idara ya sanaa. Kijana aliyeupokea, ambaye kama wenzake wote huniita Mathe, yaani mama, akaniuliza, "Mathe, si utuandikie hata kidogo tu? Vile mlikuwa mnafanya." Nikamwambia mimi sijui kuandika, najua kuchakaza. Akacheka akidhani namtania. Basi nimekaa hapa Makadara, kwenye meza ya marehemu mama yangu, na ninaandika. Asiyetaka kusoma asisome, lakini asije kunipigia simu kuniuliza mbona kuta zake zinaonekana kama keki ya harusi.

Kwa wageni wa kazi hii: mbunifu wa seti ndiye mwenye dhamana ya kila unachokiona kwenye filamu isipokuwa waigizaji na mavazi yao. Kuta, vitanda, vikombe, kalenda ya mwaka jana iliyosahauliwa nyuma ya mlango. Ukitazama filamu ukasema, "Lo, nyumba hiyo imejengwa vizuri," ujue nimeshindwa. Ukisahau kabisa kwamba kuna aliyeijenga, hapo nimefanya kazi.

Nilianza kama mchoraji wa mabango kando ya Barabara ya Jogoo. Vinyozi, kliniki, bucha, hoteli za chai na mandazi, wote niliwaandikia. Herufi zangu zilinyooka hata watu wa shule walikuwa wakisimama kuzitazama. Kumbukeni hilo, kwa sababu mpaka leo herufi iliyopinda huniwasha mwilini kama upupu. Siku moja watu wa filamu wakanitafuta niwaandikie bango la duka. Nikaandika. Kesho yake, kwa kuwa nilikuwa na brashi mkononi, wakaniambia nipake jikoni.

Seti ilikuwa imejengwa ndani ya ghala moja tupu. Nilipaka ule ukuta mpaka ukang'aa. Nikasimama kando nikingoja sifa. Akaja mzee mfupi mwenye koti la kaki, penseli imechomekwa sikioni, tepu ya kupimia ikining'inia kiunoni. Huyo alikuwa Fundi Ambundo, seremala aliyefanya kazi reli mpaka akastaafu, kisha akaingia kwenye filamu kwa sababu, alivyosema mwenyewe, nyumbani mkewe alimchosha kwa kumwambia apumzike. Akatazama ukuta wangu muda mrefu.

"Nani anaishi hapa?" akaniuliza.

"Hakuna mtu, Fundi. Ni seti."

"Naona. Na huyu anayeitwa hakuna mtu, anapika kwa mkono gani?"

Akanishika bega akanisogeza mbele ya jiko. "Mama wa nyumba hii anatumia mkono wa kulia. Kwa hivyo mafuta yanarukia hapa, si kule. Moshi unapanda hapa. Akitoka mferejini ana mtungi huku na mtungi huku, mlango anausukuma na nini?"

"Na... nyonga?"

"Haya. Sasa nionyeshe mahali rangi ya mlango imeisha."

Nilikitazama kile kitasa nilichokuwa nimekisugua kwa msasa ili kionekane kizee, nikaona haya. Mlango wa kwetu, nilioupitia tangu nitambae, umechakaa pale pale kwenye nyonga ya mama yangu, na sikuwa nimeuona hata siku moja. Siku hiyo nilianza shule upya, na mwalimu alikuwa mzee aliyeishia darasa la saba.

Nimefanya kazi na watu waliosoma ng'ambo. Nimekutana na wenye kompyuta zinazojenga nyumba nzima kabla hujamaliza chai. Sijaona mtu aliyekuwa na macho ya Fundi Ambundo. Alikuwa akiingia chumba cha mtu, akisalimia, akikaa, na kabla chai haijaletwa ameshajua baba anakaa wapi, nani analala chini, na kwamba redio imeharibika lakini haitupwi. Wala hakuwa mdaku. Aliwaheshimu watu kiasi cha kuviheshimu hata viti vyao.

Alinifundisha kuchovya mapazia ndani ya majani chai ili yawe na miaka, na kupaka ukuta wa jikoni mafuta ya mbuzi kisha kupulizia vumbi la makaa. Mafuta yenyewe tulikuwa tukiyafuata Kiamaiko kwa wachinjaji, ambao walituona wendawazimu, maana hatukutaka nyama. Hiyo mbinu ni nzuri sana, ila funga madirisha. Mara ya kwanza sikufunga, na paka wa eneo zima walikuja kuulamba ukuta wangu wakati mwigizaji analia.

Lakini mbinu yake kubwa ilikuwa ya kubadilisha. Vitu vingine havichakazwi kwa ujanja wowote. Sufuria iliyopika miaka ishirini huwezi kuitengeneza kwa wiki moja. Kwa hivyo tulikuwa tukinunua vitu vipya dukani, tunazunguka navyo mtaani nyumba kwa nyumba, tunampa mama sufuria mpya naye anatupatia kuukuu. Kiti kwa kiti, kikapu kwa kikapu. Akina mama walifurahi, seti zetu zikawa na uhai. Na Fundi alikuwa na sharti moja tu, alilolirudia mpaka likanichosha: "Chombo cha mtu kipindue kwanza. Ukipindue, umuulize mwenyewe, yeye mwenyewe, si mtu wa nyumbani kwake. Ndipo ukichukue."

Nilidhani ni mambo ya wazee.

Kesi ngumu zilikuwa nyingi, lakini nitawapa moja kabla ya ile yangu. Mwelekezi mmoja wa filamu alitaka chumba cha mtaa wa Pipeline chenye jua la asubuhi likimwangukia msichana kitandani. Nikamwambia Pipeline, kwenye yale maghorofa yaliyobanana, mtu wa ghorofa ya pili anawasha taa saa sita mchana. Jua analiona akishuka kununua mboga. Akasema, "Watazamaji hawatajua." Nikamwambia watazamaji ndio wanaishi huko. Tulibishana siku mbili. Mwishowe nilimjengea dirisha linalotazama ukuta wa jirani, umbali wa mkono, na nguo za jirani zimeanikwa katikati. Msichana akaamka, akanyoosha mkono, akagusa soksi ya mtu asiyemjua. Mwelekezi akaiacha hivyo hivyo. Baadaye nilimsikia akiwaeleza wageni jinsi alivyolifikiria lile dirisha, nami nikaendelea na chai yangu.

Sasa nifike kwa sufuria.

Ilikuwa filamu yangu ya kwanza kama mkuu wa idara. Fundi Ambundo alikuwa ameumwa mgongo, yuko nyumbani. Tulikuwa tukirekodi huku huku kwetu Makadara, katika ploti moja ya vyumba vya kupanga nyuma ya nyumba za zamani za wafanyakazi wa reli. Kwenye hadithi kuna mama anayepika pombe kwa siri, polisi wanavamia, mmoja anaichukua sururu anaitoboa sufuria yake kubwa, na pombe inamwagika uani mbele ya watoto. Nilihitaji sufuria kubwa kuukuu, nyeusi, yenye makunyanzi. Nilinunua mpya inayong'aa nikaanza kuzunguka.

Nyumbani kwa Mama Khayanga nikaikuta. Mama Khayanga alikuwa mwenyekiti wa kikundi cha akina mama wa mtaa, mwanamke mrefu wa maneno machache. Mama yangu alikuwa mwanachama wa kikundi hicho tangu nilipozaliwa. Siku hiyo hakuwepo, alikuwa ameenda kortini kumsindikiza jirani. Alikuwepo mke wa mwanawe, Selina, aliyeolewa mwaka huo huo na bado hajazoea mtaa. Ile sufuria ilikuwa imeegemezwa ukutani nyuma ya nyumba. Jamani, ilikuwa nzuri! Nyeusi ti, masikio yamekazwa upya kwa waya, ubavu umebonyea. Moyo ulinienda mbio kama nimeona mchumba.

"Sasa Selina, hii mnaitumia?"

"Sijaiona ikitumika tangu nije. Iko tu hapo."

"Nikupe hii mpya?"

Akaishika ile mpya akajitazama ndani yake. "Ai, Nafula! Kweli? Mama atafurahi."

Sikumngoja Mama. Sikuipindua. Waigizaji walikuwa wanasubiri, jua linaondoka, nami nilikuwa mkuu wa idara. Niliibeba kichwani mpaka ploti. Mchana huo sururu ikaitoboa kwa mpigo mmoja, na mwelekezi akapiga makofi. Picha ile ilikuja kusifiwa sana. Mimi siisifu.

Siku ya tatu, asubuhi, nikiwa napanga vikombe vya tukio lingine, nikasikia lango likilia. Nikageuka. Mama Khayanga alikuwa amesimama langoni na akina mama sita, leso zimefungwa viunoni. Mama yangu alikuwa wa mwisho, macho chini. Nikajua pale pale, kabla hajafungua mdomo.

"Nafula," akasema Mama Khayanga. "Mzee Wekesa amelala jana."

Mzee Wekesa alikuwa jirani yetu, mstaafu wa reli, aliyewahi kunitengenezea baiskeli.

"Pole, Mama. Poleni sana."

"Watu wameanza kukusanyika. Tumekuja kuchukua sufuria ya matanga."

Nawaeleza nyinyi mliozaliwa kwenye maghorofa. Hapa kwetu wengi tulitoka Magharibi mwa nchi. Mtu akifa, mwili unasafirishwa nyumbani kuzikwa, na kabla ya safari majirani wanakusanyika kwake kila siku mpaka gari liondoke. Watu hao hunywa chai na kula, na chai hiyo haipikwi kwenye birika. Kikundi kina sufuria yake. Sufuria hiyo haina nyumba, inakaa tu kwa mwenyekiti, na ilikuwa imepikia kila msiba wa mtaa ule tangu siku za baba zetu. Nilikuwa nimekunywa chai yake kwenye matanga ya baba yangu mwenyewe. Mimi, mtoto wa hapo hapo, niliyejisifu kwa macho yangu, niliitazama nikaona kifaa cha filamu.

Nikaenda stoo, nikaitoa, nikailaza ubavu mbele yao. Mwanga ulipita kwenye lile tundu ukaanguka chini. Wakalitazama tundu. Afadhali wangenitukana.

"Nitawapa ingine," nikasema. "Kubwa kuliko hii. Leo leo."

"Mpya ulishaleta," Mama Khayanga akasema. "Iko kwangu. Mpya haijui mtu."

"Mama, sikujua. Selina alisema..."

"Selina ni mgeni. Mgeni nimemsamehe tangu jana. Wewe je, Nafula? Wewe ni mgeni?"

Nilimtazama mama yangu anitetee. Hakunitetea. Aliifungua leso yake akaifunga upya, wakaondoka. Jioni nilipofika nyumbani alikuwa ameketi peke yake kwenye meza hii hii. Matanga yalikuwa nyumba ya tatu kutoka kwetu, nyimbo zinasikika, na mama yangu hakwenda. Nilimuuliza kwa nini. Akasema, "Nitashika kikombe cha nani?"

Hapo ndipo nilipolia. Mtaa ungetufukuza, filamu tungeimalizia hata Mombasa. Lakini mama yangu alikuwa mjane, ndugu zake wote wako mbali, na kile kikundi ndicho kilichokuwa ukoo wake hapa mjini. Nilikuwa nimemtoa kwenye ukoo wake kwa ajili ya picha ya sekunde nne.

Asubuhi nilibeba sufuria kwa Fundi Ambundo. Alikuwa amelala kifudifudi sakafuni kwa ajili ya ule mgongo. Nikamweleza yote. Akasikiliza uso ukiwa umelalia mkeka.

"Uliipindua?"

"Hapana, Fundi."

"Ipindue sasa."

Nikaipindua. Masizi tu, mazito kama lami.

"Mimi siwezi kuinama," akasema. "Na hata ningeweza, singekusaidia. Miaka yote hii nimekufundisha kuchakaza. Leo keti hapo ujifunze kuziba. Anza kwa kusafisha, kiraka hakishiki juu ya masizi."

Nilikaa uani kwake na majivu na waya wa chuma, nikasugua. Polepole ikaanza kutokea rangi ya mafuta, nyekundu na buluu na nyeupe, tabaka juu ya tabaka. Yalikuwa majina. Mnajua akina mama huandika majina chini ya sufuria zao ili zirudi baada ya sherehe. Hapa kila mwanachama aliyejiunga alikuwa ameandikwa, wengine walishafariki. Mama Khayanga. Mama Atsieno. Mama Wanyonyi. Nikaendelea kusugua karibu na tundu, na pale kando yake, kwa herufi nyeupe zilizopinda vibaya sana, nikasoma: MAMA NAFULA.

Mimi ndiye mtoto wa kwanza. Jina langu lilikuwa chini ya sufuria hiyo tangu nilipozaliwa. Ningeipindua mara moja tu, dakika moja, ningelisoma.

Fundi alinisikia nimeacha kusugua. "Umeona?" akauliza.

"Nimeona."

"Kazi yetu ndiyo hiyo. Endelea."

Alinielekeza akiwa pale pale sakafuni: kata bati la alumini, lizungushe kona, lifuatishe mviringo wa kitako, toboa, kaza ribiti kwa nyundo ndogo, usipige kwa hasira. Nilipiga kwa hasira nikarudia mara mbili. Tuliijaza maji tukaitazama. Haikuvuja. Nilikiacha kiraka cheupe, sikukipaka masizi wala mafuta ya mbuzi. Ndicho kitu pekee nilichotengeneza maishani bila kukizeesha.

Nilipofika kwa Mzee Wekesa, watu wamejaa, nilipita katikati yao na sufuria kichwani. Nikaiweka mbele ya Mama Khayanga. Akaipindua. Akapitisha kidole juu ya majina, akafika kwenye kiraka, akakigonga kwa ukucha.

"Nani ameziba?"

"Mimi."

"Kwa mikono yako?"

Nikamwonyesha vidole vilivyokuwa vimechubuka. Akavitazama kwa makini, kama mtu anayechagua viazi.

"Maji yako kule. Kuni ziko pale. Utapika mpaka gari liondoke."

"Ndiyo, Mama."

"Na mtu aende amwite Mama Nafula. Amechelewa."

Nilimwambia mwelekezi arekodi bila mimi. Nilipika chai siku nne. Moshi ulinitoa machozi, mkono ukaungua, na nikagundua kwamba mpishi wa matanga husimama upande upepo unakotoka na moshi hupelekwa upande wa pili, kwa hivyo masizi yanashika upande mmoja tu wa sufuria. Seti zangu zote za awali zilikuwa na masizi pande zote. Mama yangu aliketi na wenzake, kikombe mkononi, akinitania kwamba chai yangu ni nyepesi kama ya watu wa ofisi.

Baada ya hapo nilifanya kazi miaka mingi, na milango ya mtaa haikufungwa. Vijana walionifuata walinilalamikia. "Mathe, tunachelewa, ni kikombe tu!" Pindua. "Ni kiti tu!" Pindua. Muulize mwenyewe. Kama yuko sokoni, mngoje. Tulipoteza jua mara nyingi kwa sababu ya kungoja mtu mwenyewe arudi, na wasimamizi wa filamu walinichukia kwa hilo. Wacha wanichukie. Fundi Ambundo alifariki akiwa mzee kabisa, na alizikwa na tepu yake ya kupimia. Sikuwahi kumwambia kwa mdomo kwamba nilimpenda kama baba. Nimeandika sasa.

Mama yangu alifariki mwaka jana. Nilitaka kukodi watu wa kupika, hema, viti, kila kitu, maana nilikuwa nimechoka na umri umekwenda. Mama Khayanga, ambaye sasa anatembea kwa fimbo, akanijia mlangoni. "Wewe kaa. Umefiwa."

Wakaileta ile sufuria. Kiraka kilikuwa kimeshika masizi, hukitofautishi tena na sehemu nyingine. Walipika siku tano, na Selina, ambaye nywele zake zimeingia mvi, ndiye aliyesimama upande wa upepo. Siku ya mwisho, mwili wa mama umeletwa ndani na gari limeshafika kumpeleka nyumbani, nikawaona wanaiosha uani. Nikaenda kusaidia. Selina akaipindua ili ikauke, akasogea kando kidogo, akanitazama.

Walikuwa wamekisafisha kiraka. Juu yake, kwa rangi nyeupe ya mafuta, wameandika: FUNDI NAFULA.

Herufi zilikuwa zimepinda. F ilikuwa imelala, na rangi ilikuwa imechuruzika kutoka kwenye A ya mwisho mpaka ukingoni. Brashi ilikuwa bado iko ndani ya mkebe, pale pale miguuni pangu. Niliitazama ile brashi, nikaitazama ile F, kisha nikaiacha hivyo hivyo, nikaingia ndani kumchukua mama yangu.